Miaka Mama Mutheu Alipocheza Ulaya

Nyumba yao ilinuka dawa ya kuchua na kabichi iliyochacha. Pale mtaa wa Jericho, Nairobi, dirisha letu lilitazamana na lao, katikati pakiwa na kiwanja chembamba cha kuanikia nguo, na kila jioni, kabla sufuria za ugali hazijaepuliwa, harufu kali ya kafuri ilivuka ikaingia kwetu. Dawa ilikuwa ya magoti ya mama wa nyumba ile. Kabichi ilikuwa chakula cha kwao: aliikatakata, akaishindilia na chumvi ndani ya pipa la plastiki, akaweka jiwe juu, akaiacha mpaka majirani walipoanza kuulizana ni nini kimeoza. Mama yangu aliionja siku moja kwa adabu tu, akakunja uso, kisha akaomba sahani nyingine. Nadhani urafiki wao ulianzia hapo.

Jina lake lilikuwa Rodica. Sisi tulilitamka Rodika, lakini mtaani hakuitwa hivyo. Tangu siku alipohamia akiwa amembeba mtoto mchanga, alikuwa Mama Mutheu. Alitoka Romania. Mumewe, Kyalo, alikuwa kijana wa Machakos aliyepelekwa huko na serikali kusomea uchimbaji wa mafuta ya petroli, akarudi na shahada, mke aliyemzidi urefu, na mtoto, katika nchi isiyokuwa na kisima hata kimoja cha mafuta. Walimpa meza katika ofisi moja mjini, akawa anapanga mafaili. Kila asubuhi aliondoka na tai shingoni, viatu vimeng'aa, na hakuna mtu aliyejua vizuri alichokuwa akifanya huko, hata yeye mwenyewe, kwa jinsi alivyokuwa akisema.

Mama alikuwa mshonaji, na cherehani yake ilikaa karibu na mlango ili apate mwanga. Mama Mutheu alipenda kuketi hapo kwenye kigoda, miguu yake mirefu imenyooshwa hadi kizingitini, akisimulia kwa Kiswahili chake cha kuchechemea. Nilikuwa na miaka kumi, nikichambua mchele au nikijifanya kuchambua, nikisikiliza. Alianza mpira wa wavu katika timu ya kiwanda cha nguo, mji mmoja wa baridi ambako asubuhi nyingine mlango haufunguki kwa theluji. Akiwa bado msichana alichukuliwa na klabu kubwa ya mji mkuu. Alisafiri nao nchi za jirani, akalala katika hoteli, akapigiwa makofi na watu asiowajua. Alikuwa ameshaitwa kufanya mazoezi na timu ya taifa alipoomba ruhusa ya kuolewa na Kyalo. Kwao hukuweza kuolewa na mgeni bila serikali kukubali. Alingoja jibu kwa zaidi ya mwaka mmoja, na wakati huo wote jina lake likawa linashuka: kwanza akawekwa benchi, baadaye akaambiwa asisafiri, mwisho mwalimu wa timu akaacha hata kumwitikia salamu.

"Mimi nilikuwa wa kupiga," alimwambia mama. "Napiga mpira, sakafu inalia. Halafu ruhusa inakuja, wananiambia rudisha jezi. Rudisha viatu. Viatu vyangu, Mama Nduku, vina umbo la mguu wangu. Nani atavivaa?"

Mama alisimamisha gurudumu la cherehani.

Karibu na ukumbi wa mtaa kulikuwa na kiwanja cha murramu, udongo mwekundu wa changarawe, ambapo wavu ulifungwa kati ya nguzo mbili za simu zilizotupwa. Jioni Mama Mutheu aliwafundisha wanawake wa pale mtaani: makarani, muuguzi mmoja, wasichana waliomaliza shule na kukosa kazi. Sisi watoto tuliokota mipira iliyoingia mtaroni. Nyumbani alitembea ameinama kidogo, kana kwamba anaomba radhi kwa urefu wake. Pale uwanjani mgongo ulinyooka. Alirudi nyuma hatua chache, akakimbia, akaruka, na kwa muda mfupi alionekana kama mtu aliyesahau kuteremka. Mpira ulipogonga murramu, vumbi jekundu liliruka na wanaume waliokuwa wakicheza bao pembeni wakageuza vichwa. Mutheu, ambaye hapo alikuwa na miaka minne au mitano, aliketi juu ya jaketi la mama yake akihesabu mapigo kwa lugha ya kwao: unu, doi, trei. Tulimwiga tukicheka, na mpaka leo naweza kuhesabu hadi kumi.

Kisha Kyalo akafutwa kazi. Sababu sikuijua, watu wazima walisema alibishana na mkubwa wake. Tai iliendelea kuondoka asubuhi kwa wiki kadhaa, mpaka mtu akamwona ameketi mchana kutwa kwenye bustani mjini. Baada ya hapo hakujificha tena. Alikunywa pombe za vibanda, akarudi nyumbani anaimba nyimbo za kule alikosomea, na mkewe akawa anafunga dirisha. Siku za mwisho wa mwezi walikula kwetu. Wakati huo ndipo habari zilipofika kwamba mchezaji mwenzake Mama Mutheu wa zamani, aliyekwishahamia Italia, alikuwa amemsemea kwa klabu moja ya mji mdogo kule kusini. Walihitaji mpigaji. Walikuwa tayari kumlipia nauli.

Walikuja kuzungumzia kwetu, kwa sababu nyumbani kwao, nadhani, kila neno lilikuwa limekwisha kuwa ugomvi. Kyalo hakuwa amelewa. Alikuwa amenyoa ndevu na sauti yake ilikuwa ya chini.

"Sikukatazi," alimwambia mkewe. "Lakini mtoto abaki. Mkiondoka wawili hamtarudi, na mimi nitakuwa nimebaki na nini?"

"Msimu mmoja," akasema Mama Mutheu. Alikuwa akimtazama mama yangu, si mumewe. "Baridi inaisha, mimi narudi. Wewe utamweka Mutheu?"

Mama alisema atamweka. Nilifurahi, nakiri, kwa kuwa sikuwa na mdogo wa kike.

Mutheu alilala nami kitanda kimoja. Majuma ya kwanza alipanda juu ya debe la unga kila jioni ili achungulie dirisha la kwao, ambalo sasa lilikuwa giza, maana Kyalo alishindwa kodi akahamia kwa rafiki yake aliyekuwa na chumba katika nyumba za reli kule Muthurwa. Hakulia. Alisimama tu, vidole vyake vimeng'ang'ania ukingo wa dirisha, na mama alipomwita aje ale alishuka bila kubisha. Baadaye wapangaji wengine walihamia upande ule, wakaweka pazia la maua, naye akaacha kupanda. Sijui ni siku gani aliacha kuhesabu kwa lugha ya mama yake. Mambo kama hayo huwezi kuyaona yakitokea. Nilichogundua ni kwamba tulikuwa tunaruka kamba, mimi nikasema unu, doi, akanisahihisha: "Moja, mbili, Nduku. Hesabu vizuri." Wakati huo alikuwa anamwita mama yangu Mama, na Kikamba chake kilikuwa safi kuliko changu.

Msimu mmoja ukawa miwili. Klabu ya kwanza ilishuka daraja ikavunjika kabla ya kumaliza kulipa wachezaji, kwa hiyo asingeweza kurudi mikono mitupu. Akaenda ya pili, kaskazini zaidi. Vifurushi vilikuja: sweta, soksi nene, gauni la buluu lenye kola ya lesi. Vyote vilikuwa vya mtoto aliyemwacha, na Mutheu alikuwa amerefuka. Mama alifumua pindo, akaongeza vitambaa vya soko la Gikomba, na Jumapili Mutheu akaenda kanisani na gauni la rangi mbili. Siku moja kilikuja kipande cha gazeti chenye picha ya wanawake wamepanga mstari. Baba yake alipokuja kumtembelea, akinuka pombe na peremende alizotafuna kuificha, alimwonyesha kwa kidole. "Huyu wa mwisho." Mutheu aliitazama picha kwa heshima, kama mtoto anavyotazama picha ya bibi aliyekufa kabla hajazaliwa.

Mama Mutheu alirudi mwezi wa Juni, Mutheu akiwa na kama miaka saba, msimu wa manyunyu, wakati Nairobi inakuwa ya kijivu na nguo hazikauki. Nilimwona kwanza mimi, akija kwa mguu kati ya nyumba akibeba sanduku, na nilijua kabla hajafika kwamba goti la kulia limeharibika. Aliuzungusha mguu nje kila hatua. Mutheu alikuwa chini sakafuni akicheza na vifungo vya mama. Mama Mutheu aliingia, akapiga magoti, moja likaenda vibaya na uso wake ukakunjamana kwa maumivu, kisha akaanza kusema. Alisema kwa lugha yake, upesi upesi, maneno mengi mno, mikono imenyooshwa.

Mutheu alisimama akaenda nyuma ya cherehani. Alishika sketi ya mama yangu.

"Mama," aliuliza, "huyu anasema nini?"

Nimeona misiba mingi tangu hapo, na baadhi imekuwa yangu. Sijawahi kuona uso ukizimika kama ule.

Alikaa kwetu karibu mwezi mzima, na hakuna aliyeweza kusema kwamba hakujaribu. Alimwosha Mutheu, akamsuka vibaya, mama akafumua na kusuka upya usiku wa kwanza, kisha akaona anachofanya na kesho yake akaacha nywele zilivyo. Alimpeleka kwenye kiwanja cha murramu akamrushia mpira polepole, kwa mikono miwili. Mutheu hakuudaka. Hakuwa mkaidi, alisimama wima kama mtoto mbele ya mwalimu mgeni, akauacha mpira umguse kifua na kuanguka, akauokota, akaurudisha kwa adabu. Kyalo alikuja mara mbili. Walizungumza nje kwenye manyunyu, na kila mara alirudi mume peke yake kwenye barabara ya lami, kichwa chini. Mtoto haendi. Hilo tu ndilo alilosema.

Klabu nyingine, ya Ufaransa, ilikuwa inamngoja, na daktari wao alikuwa ameahidi kulitengeneza goti. Siku mbili kabla ya safari alimwambia mama kwamba jina la Mutheu limo ndani ya pasipoti yake, na kwamba Kyalo yuko Machakos kwenye matanga ya shangazi yake. Wangeweza kuondoka na kuwa hewani kabla hajajua.

"Nisaidie," alisema. "Nipakie nguo zake."

Mama aliigeukia cherehani. Mkono wake ulikuwa juu ya gurudumu, ukilisogeza mbele kidogo, nyuma kidogo. Baadaye sana, akiwa mgonjwa, aliniambia kwamba aliogopa Kyalo, aliogopa polisi, na aliogopa nyumba bila Mutheu, na hakujua ni hofu gani iliyosema.

"Tumuulize mwenyewe," alisema mama.

Wakamwita. Alikuja akitafuna muwa, akasimama katikati ya chumba. Mama ndiye aliyeuliza, kwa Kikamba, taratibu: mama yako anaondoka, unataka kwenda naye au unataka kubaki? Mutheu alimtazama huyu, akamtazama yule. Alitema kapi kiganjani kwa sababu tulikatazwa kutema sakafuni.

"Nataka kubaki," alisema.

Mama Mutheu hakuhitaji kutafsiriwa. Alitikisa kichwa kukubali mara kadhaa, kama mchezaji aliyepewa uamuzi na refa, akaingia chumbani kufunga sanduku. Aliondoka asubuhi ya siku ya pili. Mutheu alimpungia mkono kutoka mlangoni, akiwa amevaa gauni la rangi mbili, mpaka mama yake alipokata kona ya duka.

Alicheza Ufaransa miaka miwili, halafu Ubelgiji, katika klabu ambazo kila moja ilikuwa ndogo kuliko iliyotangulia. Ya mwisho, tulisikia, ilimlipa kufundisha watoto na kufagia ukumbi. Vifurushi vilichelewa, kisha vikakoma. Hakuwa na mahali pa kurudi kwao, na kwetu hakuja tena. Kyalo alifariki Mutheu akiwa kidato cha kwanza, ini lake limeisha, na mama akamlea mpaka akaolewa. Mara moja tu, akiwa mgonjwa, mama aliligusa jambo lile. "Mtoto haulizwi swali kama lile," alisema, akageukia ukutani.

Siku hizi Mutheu anaishi Komarock, na mimi si mbali naye. Kiwanja cha murramu kimejaa vibanda vya mabati vya kuchomelea milango. Wasichana wetu wakienda kucheza Ulaya, husindikizwa uwanja wa ndege kwa nyimbo na maua, na jioni ile ile watoto wao wanawaona kwenye simu, wanagombezana nao kuhusu kazi za shule. Mwaka jana tulikuwa kwake tukitazama habari, na mmoja wa wachezaji hao alikuwa akimbusu mtoto wa kama miaka saba. Nikamuuliza Mutheu, kwa mara ya kwanza katika maisha yetu yote, kama anaikumbuka siku ile ya muwa.

"Naikumbuka," alisema. Alipunguza sauti ya televisheni, macho yake yakibaki pale pale. "Nilidhani nikisema nabaki, naye atabaki."