Mheshimiwa wa Mlango wa Pili

Juzi, wakati wa mapumziko hospitalini Minneapolis, niliona taarifa ya kifo kwenye simu nikasahau kutafuna. Ilikuwa sura ya jirani yetu wa Burnsville, yule mzee wa mlango wa pili. Walimsifu: mkulima, mbunge wa jimbo miaka mingi, mtetezi wa wafugaji na shule za vijijini. Yote kweli. Ngoja nikusimulie ambalo halikuandikwa.

Nilikuwa na miaka kumi. Tulikuwa tumetoka kambi ya wakimbizi, Wakongo sita katika vyumba viwili, na baba akifanya kazi ya ghala kule Savage. Mzee alikuja kupanga mlango wa pili kila Januari, theluji ikiwa magotini, akarudi shambani kwake Mei, wakati wa kupanda. Siku ya kwanza alivutwa hadi mlangoni kwetu na harufu ya sombe, majani ya muhogo aliyopika nyanya, bibi yetu. Nyanya alimtazama viganja, akasema, "Huyu amelima," akamvutia kiti. Tangu hapo kila Jumanne alikula kwetu, bugari, yaani ugali, kwa mkono, akipuliza vidole. Alituletea gunia la mahindi yake, na nyanya akayatwanga kwenye kinu hadi jirani wa chini akagonga dari.

Mkalimani nilikuwa mimi. Alisimulia alivyokamua ng'ombe kabla ya kwenda shule, na jinsi shule hiyo ilivyofungwa, akakasirika, akagombea, akashinda kiti huko Saint Paul, mji mkuu wa jimbo. Sikujua kiti cha namna hiyo. Nilitafsiri tu: "Ameshinda kiti." Nyanya akampa pole kwa kusafiri mbali kote huko kwa ajili ya kiti kimoja. Kwa ile tai yake, sisi tulidhani ni mlinzi wa ofisi.

Machi mwalimu alitupeleka kuona bunge la jimbo, ambalo hukaa Januari hadi Mei. Tulikaa juu, kwenye roshani. Chini akasimama mtu kuzungumza, na ni yeye! Niliinua mkono nimpungie. Ndipo akasema wakimbizi wasiletwe tena, watu wa kijijini kwao wamechoka kupokea wasiowajua. Mama mdogo alikuwa bado kambini, akingoja jina lake liitwe aje Marekani. Mkono wangu ulibaki hewani. Mwalimu ndiye aliyeushusha.

Nilipomsimulia nyumbani, nyanya aliniuliza mara tatu kama nilisikia vizuri. Kisha akanishika mkono, tukaenda kugonga kwake.

"Mwambie nimekuja kusikia kwa masikio yangu."

Mzee alibadilika rangi. "Walionituma wanaogopa," alisema polepole. "Mimi ni mdomo wao."

"Mdomo ni wao, sawa," nyanya akasema. "Na tumbo linalokula sombe yangu ni la nani, Baba?"

Niliogopa kutafsiri, lakini nilitafsiri. Wiki iliyofuata mzee akapiga kura ya ndiyo kwa muswada wa kuzuia wakimbizi. Muswada haukupita, ila si kwa msaada wake.

Jumanne tukasikia hodi. Alisimama mikono mitupu, macho chini. Nyanya akamkabidhi sahani iliyofunikwa.

"Mwambie chakula simnyimi mtu. Lakini atakula kwake."

Na akapokea! Hotuba ile ilinishtua, lakini hili linanishtua mpaka leo. Kila Jumanne hadi Mei alibisha, akachukua, na sahani ikarudi imeoshwa. Mwaka uliofuata hakupanga tena pale.

Nilimuuliza nyanya kwa nini aliendelea kumpikia.

"Kambini nimekula kwa mikono ya watu wasionitaka," alisema. "Chakula hicho kinakuwa kichungu, lakini kinashibisha."

Mama mdogo alifika mwishowe. Nyanya alishatutoka, na jengo lile wamelipaka rangi ya kijivu. Ninapoishi sasa sijui jirani anakula nini, wala sijawahi kusikia hodi. Sombe nanunua iliyogandishwa. Kuna siku nilisimama mbele ya mlango wa jirani na sahani ya sombe mkononi, nikashindwa kubisha, ikapoa, nikarudi nayo.