Pai Iliyokonda

Nisikilize kidogo, wewe unayenisoma huku chai ikipoa pembeni. Jirani yangu wa mlango kwa mlango ametutoka. Habari nilizipata getini petu, Parklands, nikitoka sokoni na mfuko wa machungwa na ndimu mkononi. Askari wetu, ambaye kwa kawaida hunipokea kwa kelele za "Niaje, mathe wa gazeti!", siku hiyo alisimama wima akavua kofia. "Madam, pole sana. Yule mama wa leso, wa huko juu kwenu, ametuacha. Watu yake wameenda kumzika." Nilimwomba arudie, maana asubuhi ile ile tulikuwa tumepishana kwenye ngazi, naye akanicheka kwa jinsi nilivyofunga kilemba. Hakuwa mgonjwa wa kulala. Moyo wake ulisimama dukani kwake mjini, akiwa kwenye kiti chake, mteja akichagua leso. Nilipanda ngazi na mfuko wangu, nikaingia jikoni, na kitu cha kwanza kilichonitazama ni bakuli lake la kioo, limeoshwa na kuinamishwa kwenye rafu yangu.

Huenda na wewe una bakuli la namna hiyo nyumbani kwako. Hili ni pana, lina kingo fupi, na chini yake kuna doa jekundu la rangi ya kucha, kama vile akina mama wengi wanavyoweka alama kwenye vyombo vyao ili visipotelee kwenye shughuli za watu. Kwao Pwani, alinieleza wiki niliyohamia, chombo cha jirani hakirudishwi kitupu. Basi bakuli lile lilivuka ukumbi wetu miaka na miaka. Kutoka kwake lilikuja na pai ya ndimu. Kutoka kwangu lilirudi na njugu mawe, au ndizi mbivu zilizotumwa na mama yangu, au mandazi ambayo aliyasifu kwa upole mkubwa kuliko yalivyostahili. Sasa ilikuwa zamu yangu kulirudisha, na mwenyewe hayupo.

Alikuwa mwenyeji wa Mombasa aliyeletwa Nairobi na ndoa, akafungua duka la leso na mapazia katikati ya jiji pamoja na mumewe. Mimi nimetoka upande wa Kakamega, nikaletwa na kazi hii ya kuandika. Nilimwita Mama. Yeye aliniita mwanangu, na akikasirika, mwandishi. Mara ya kwanza aliponiita jikoni kwake kunifundisha pai yake, alinipa maelekezo kisha akaenda kuswali alasiri. Maelekezo yalikuwa mepesi: chemsha mwani mkavu, ule wa nyuzi nyeupe unaogandisha vyakula, mpaka uyeyuke majini, uchanganye na mtindi, umimine kwenye bakuli. Nikachemsha mwani. Kisha nikautazama mtindi umekaa pale vile vile ulivyo, na nafsi ikanikataza. Kwetu chakula kisichoona moto ni ndizi mbivu na maji ya kunywa. Nikautia mtindi wote sufuriani, nikaongeza gesi, nikakoroga kwa bidii ya mtu anayesonga ugali. Alipoinuka kwenye mswala, sufuria ilikuwa na mabonge meupe yanayoelea kwenye maji ya rangi isiyo na jina.

"Mwanangu, hii ni nini?"

"Pai, Mama."

Akachota kwa mwiko, akainua, ikadondoka. "Hii si pai. Hii ni ajali."

"Nilitaka iive vizuri."

"Nani alikwambia ni mbichi? Nyinyi watu wa huko hamuamini kitu mpaka kichemke. Hata barafu mtaitia sufuriani muone kama imeiva!"

Tulicheka mpaka mumewe akaja kuuliza kama kuna harusi. Mzee akachungulia sufuria, akasema kwa heshima zote, "Leo twala uji wa ndimu?" na tukaanza kucheka upya. Kisha Mama akamwaga kile kituko, akafungua mtindi mwingine, akanieleza taratibu kama mtu anayemwonyesha mteja mshono. Moto ni wa mwani peke yake. Mtindi ukae mezani kwanza ubaridi uutoke, kwa sababu mwani ukikutana na baridi ghafla hushtuka, ukawa vijinyuzi kama tambi. Maji ya ndimu huingia mwisho, jiko limezimwa. Hakuna kuoka wala haja ya tanuri, na ndiyo maana pai hii inamfaa hata anayeishi chumba kimoja huko mtaani Satellite, mradi jirani ana friji.

Ujue kwamba pai hiyo haikuzaliwa nyembamba. Zamani ilibeba kopo zima la maziwa mazito matamu, krimu, na siagi ya kutosha kupaka ukuta. Kisha daktari akamwambia mzee kwamba ana ugonjwa wa sukari. Wake wengi, kwa hofu na mapenzi, wangeipiga marufuku siku hiyo hiyo, na waume wengi wangeanza kula kwa siri mjini. Mama hakuiondoa mezani. Aliipunguza. Kwanza krimu ikaondoka, mahali pake ukaja mtindi usio na sukari, uliochujwa usiku kucha kwenye leso kuukuu iliyofuliwa mpaka ikawa laini. Kisha kopo likawa nusu, nusu ikawa robo, robo ikawa kijiko cha asali na maji ya chungwa yaliyochemshwa mpaka yakawa mazito. Siagi nayo ikapungua, unga wa biskuti ukashikamanishwa kwa maji ya chungwa. Na kila alipotoa utamu alitia maganda ya ndimu yaliyokwaruzwa, ile ngozi ya kijani ya juu pekee, bila ile nyeupe iliyo chungu. "Sukari ikiinuka," aliniambia, "harufu ikae kwenye kiti chake." Tunafundishwa kwamba haba na haba hujaza kibaba. Yeye alijua kwamba haba na haba hukipunguza pia, na mwenye kibaba asinung'unike.

Mzee aligundua siku moja nikiwa mezani kwao. Alitafuna polepole, akaweka uma chini.

"Mke wangu, hii pai imekonda."

"Imekonda ili usikonde wewe."

"Na kipande nacho?"

"Kipande kimefunga."

"Saumu hii ina futari?"

"Ina. Kesho."

Akala akamaliza, akalamba uma. Sisemi kwamba pai ni dawa. Asali ni sukari vile vile, biskuti ni wanga, na Mama mwenyewe alimpeleka mzee kwa daktari na maelezo ya kila alichotia, akaambiwa kipande kidogo, mara moja moja. Ninachosema ni kwamba alimwachia mumewe kitu cha kutazamia.

Nilipokuwa nikitazama lile bakuli wiki ile, niliwaza pia jinsi vyombo vilivyobadilika katika jengo letu. Siku hizi chakula kinapanda ngazi kila saa. Kijana wa pikipiki anabisha hodi, unapokea kopo la plastiki, unamshukuru, unafunga mlango. Ni rahisi, na mimi pia huagiza nikichoka, kwa hiyo nisijifanye mtakatifu. Lakini kopo la plastiki halidai chochote. Halina doa la rangi ya kucha, halina mwenyewe, halisemi "nirudishe." Ukilitupa umemaliza kazi, na huyo wa mlango wa pili unaendelea kumjua kwa sauti ya televisheni yake. Bakuli la kioo linasumbua. Linakaa kwenye rafu likikukumbusha kwamba zamu ni yako, na kwa usumbufu huo watu wawili wasio wa dini moja wala kabila moja wanaishia kujua nani ana presha na nani mtoto wake anafanya mtihani.

Matanga yalipoanza, jirani wote tulipika, maana nyumba iliyofiwa haiwashi jiko. Kulikuwa na wali, samaki wa nazi, na chapati zangu. Wageni kutoka mbali walikuja na halua, kaimati na visheti, kama ilivyo ada. Matanga yakaisha, wageni wakapungua, halua ikabaki. Siku moja binti yao, mwalimu aliyekuja kutoka Mombasa, alinivuta ukumbini akavuta na mlango nyuma yake.

"Anti, baba hali. Wali anausukuma, samaki anawasukuma. Ni halua tu na kahawa. Sukari imepanda, daktari amesema akiendelea hivi atalazwa."

"Umemwambia?"

"Nimemwambia mpaka nimechoka. Anasema nimwache, aliyekuwa akimnyima ameondoka." Akajifuta macho kwa ncha ya leso. "Na mimi Jumapili lazima nirudi kazini. Nitamwacha na nani?"

Nilirudi jikoni kwangu. Bakuli lilikuwa bado pale rafuni. Nilishuka dukani kununua biskuti na mtindi, na mkono ukachukua pia kopo la maziwa mazito ya pai ile ya zamani, nene na tamu. Niliwaza, mtu amefiwa, hebu apate raha mara moja. Nikaliweka kopo mezani, nikatafuta kifungulio. Kisha nikageuza bakuli ili nilifute, nikaliona lile doa jekundu. Chombo kilikuwa cha mtu, na mtu huyo alikuwa ametumia miaka kuitoa ile sukari kijiko kwa kijiko. Nikalirudisha kopo kabatini. Nikafunga mtindi kwenye kitambaa, nikautundika juu ya sinki.

Asubuhi nilifanya yote kwa mwendo wake. Nilisaga biskuti kwa chupa, nikazilowesha kwa siagi kidogo na maji ya chungwa, nikazigandamiza kwa kitako cha glasi. Nikauacha mtindi mezani mpaka ukapoteza ubaridi, nikatia asali, maji ya chungwa yaliyochemshwa na maganda ya ndimu. Nikayeyusha mwani, nikazima jiko, nikauchanganya na mtindi kidogo kidogo huku nikikoroga, kisha maji ya ndimu. Nikamimina, nikaweka kwenye friji, nikakaa chini. Pai ya namna hii kazi yake kubwa ni kusubiri.

Alasiri nilivuka ukumbi. Mzee alikuwa mezani, sahani ya halua mbele yake. Nilipoweka bakuli, aliinua ukingo akachungulia chini, akaliona doa.

"Hili la kwetu."

"Ndiyo, mzee. Limerudi."

Binti alikata kipande, akasimama nyuma ya kiti. Mzee alitia kinywani, akatafuna kwa muda mrefu, macho yake kwenye kitambaa cha meza. Mimi nilikuwa nimeshika mkono wa kiti kama mtu aliye kwa daktari wa meno.

"Imekonda," alisema.

Alikata tena kwa uma, akala. Kisha akaisukuma sahani ya halua upande wa binti yake. "Hii wapelekee walinzi. Nikatie kingine. Chembamba, kama alivyokuwa akikata." Akanigeukia, akakunja uso. "Na wewe mwandishi, uliichemsha?"

"Hata kidogo, mzee."

Akacheka. Kilikuwa kicheko kifupi kilichoishia kwenye kikohozi, lakini binti alishika mdomo kwa mikono miwili. Jioni hiyo mzee aliuliza kama wale samaki bado wapo.

Binti alirudi Mombasa Jumapili, na sasa hunipigia simu kuuliza kuhusu baba kuliko anavyompigia baba mwenyewe. Mzee amerudi dukani asubuhi, na kwa daktari anakwenda bila kusukumwa. Nami nimejifunza kwamba kumhurumia mtu si kumjazia sahani. Wakati mwingine ni kumpunguzia kwa subira, na kumtilia harufu nzuri mahali palipobaki wazi. Wiki iliyopita nilifungua mlango nikalikuta bakuli kwenye zulia, doa lake chini, ndani limejaa ndimu.

Basi fungua kabati lako, utafute chombo cha jirani. Usikirudishe kitupu. Na kabla hujagusa kitu kingine chochote, toa mtindi kwenye friji, uuweke mezani.