Wimbo wa Mwisho wa Mzee Morikuni

Flaviana ni muuguzi, mzaliwa wa Bukoba, na huku ughaibuni, mjini Euless, hajawahi kumwaibisha mgonjwa. Nalisema mapema kwa sababu mtamlaumu, nami sipendi.

Mzee Morikuni, Mjapani aliyetunga muziki wa filamu arobaini, alifika mikononi mwake akiwa amepooza upande mmoja, mapafu yamechoka. Ujanani alifukuzwa kazi mara mbili: wenzake walijaza filamu matarumbeta, yeye akaweka noti tatu, basi. Baadaye hao hao waliomfukuza walimrudia wakimpigia magoti. Flaviana alizisikia habari hizo akimwogesha, akaitikia "eeh, mzee," huku nusu ya akili ikiwa kwenye dawa.

Mzee alibakiwa na haja moja: wimbo kwa Reiko, binti yake wa pekee, aliyeko Houston. Hawakuwa wamesemezana miaka tisa, tangu mzee alipokosa maziko ya mkewe kwa ajili ya filamu.

Jumanne alipiga kinanda kwa mkono mmoja, Flaviana akarekodi kwa simu. Noti mbili, kisha kimya kirefu, mashine ya oksijeni ikikoroma na mzee akihema. Noti moja. Kimya tena. Flaviana roho ilimuuma. Kwao mgonjwa husitiriwa; mahangaiko yake hayapelekwi kwa watoto. Akampigia Bertila, muuguzi mwenzake.

"Hizi sehemu anazohema, ni-cut?"

"Cut tu, shoga! Mtoto wa watu amsikie baba'ke akihangaika na oxygen?"

Akakata. Dakika sita zikawa moja na nusu, wimbo mtamu wa kuchezesha watoto. Simu ilikuwa imejaa, akaifuta ile ndefu, akamtumia Reiko hii fupi. Alhamisi mzee akafariki.

Jumamosi Reiko akapiga simu.

"Huyu si baba," alisema. "Baba hakuharakisha hata siku moja. Alikuwa akigonga noti, halafu anakusubiri. Nilitaka kusikia tu kama alinisubiri."

Flaviana angeweza kudanganya. Moyo ulimtaka adanganye.

"Alikusubiri, dada," alisema. "Ni mimi niliyekata. Nilidhani pumzi imemwishia."

"Alinisubiri kwa muda gani?"

"Dakika nne na nusu."

"Nirudishie."

Flaviana aliipekua simu yote, machozi yakimdondokea kwenye kioo, na Reiko hakukata simu mpaka alipoambiwa kwamba dakika hizo hazipo tena.