Ubeti wa Mwisho wa Sista Mivukuto

Alizaliwa mwezi wa Machi, mwaka ambao mvua zilichelewa, katika chumba kilichoshiriki ukuta mmoja na karakana ya baba yake, mhunzi wa majembe na bawaba za milango. Mama yake alikuwa akisema kwamba mtoto huyo alizoea mlio wa nyundo kabla ya kuzoea titi. Mikono yake ilipopata nguvu aliwekwa kwenye mivukuto, ile mifuko ya ngozi inayopuliza moto, na hapo akapata jina ambalo hata utawa haukuweza kumvua. Baba alimfundisha jambo ambalo baadaye lilimfaa kuliko mengi: kila kipande cha chuma kina sauti yake, na ukikikata kikawa kifupi, sauti hupanda.

Wito ulimjia akiwa msichana, siku mama yake alipokata roho. Masista wa Kuvusha walifika, kwa kuwa kazi ya shirika lao ni kuwaimbia wanaokufa. Waliimba beti za wimbo wao kwa pamoja, kisha kiongozi wa wimbo akainama, akaweka mdomo kwenye sikio la mgonjwa, akamwimbia ubeti wa mwisho yeye peke yake. Msichana hakusikia hata neno. Aliona tu uso wa mama ukilegea, kama wa mtu aliyetuliwa mzigo kichwani. Baada ya mazishi alimwambia baba kwamba anakwenda kujifunza kile alichoambiwa mama. Baba alimpa baraka huku akilia. Kaka yake mkubwa alikataa. “Na moto nani ataupuliza?” aliuliza, akaapa kwamba hatakanyaga kizingiti cha watawa hao maisha yake yote.

Katika shirika hilo wimbo hauandikwi. Ubeti wa mwisho hupewa mrithi mmoja tu, mdomo kwa sikio, na kiongozi wa wimbo aliyekuwepo, kabla hajafa, alimchagua binti wa mhunzi. Alivusha watu wengi, matajiri kwa maskini. Lakini homa iliyopita mjini ilimchukua mrithi aliyekuwa amemfundisha, na kabla hajampata mwingine, ugonjwa wa koo ukampata yeye mwenyewe. Daktari alisema sauti haitarudi. Akabaki na mnong'ono. Maneno angeweza kuyatoa, ila mahadhi yalifungwa kifuani mwake, na duniani hakuwepo mtu mwingine aliyeyajua.

Mama Mkuu, mcha Mungu aliyeshika desturi kwa meno, alimwambia, “Wimbo umekufa, mwanangu. Tuuzike kwa heshima.”

“Haujafa, Mama,” alinong'ona. “Umekwama.”

Akaenda kwa miguu hadi karakana ya baba, ambayo sasa ilikuwa ya kaka yake.

“Haya,” kaka alisema bila kuinua macho kutoka kwenye fuawe, “aliyekimbia moshi amerudi kuota moto.”

“Nataka vyuma, kaka. Kila kimoja na sauti yake.”

“Sema kwa nguvu. Wewe zamani ulikuwa hunyamazi mpaka ulale, na ukilala unakoroma.”

Alipomweleza kwamba hawezi tena, kaka aliweka nyundo chini. “Huo ubeti anaimbiwa nani?”

“Kila anayekufa. Mama aliimbiwa. Na wewe utaimbiwa, utake usitake.”

Kaka akayachochea makaa. “Basi shika mivukuto. Leo sina kibarua.”

Walifanya kazi majuma mengi. Kaka alifua kipande, akakining'iniza kwa waya, akakigonga. Dada akatikisa kichwa. Kikakatwa, kikagongwa tena, mpaka akubali. Dada aliagiza vyuma hivyo bila mpangilio, cha katikati kabla ya cha mwanzo, ili hata kaka yake asiujue ubeti kabla ya siku yake.

Mama Mkuu alipoviona alisema, “Desturi ni mdomo kwa sikio. Chuma si mdomo.”

“Maneno nitayatoa kwa mdomo, Mama. Chuma kitanikopesha pumzi tu. Ikiwa Mungu hataki, avipasue.”

Mama Mkuu alikigonga kimoja kwa ukucha, akasikiliza mpaka mlio ukaisha. “Fungeni mlango mkifundishana,” akasema.

Mrithi mpya alikuwa sista kijana aliyewahi kuwa fundi cherehani. Mwalimu alinong'ona neno, akagonga chuma, mwanafunzi akaimba. Akikosea, alifinywa mkononi na kuambiwa, “Rudia.” Alikuwa mwepesi, ila alikuwa na kosa moja. Kwa kuwa mwalimu wake alikuwa chuma, kila mwisho wa mstari aliacha mvumo kooni, ule unaobaki chuma kikishagongwa. Wenzake waliousikia nje ya mlango walidhani ndivyo ubeti ulivyo.

Sista Mivukuto alipokuwa anakata roho, kaka alisimama langoni na mikono yake yenye masizi. Walipomkumbusha kiapo chake alijibu, “Nilikifua mwenyewe, nakivunja mwenyewe,” akaingia, akakaa miguuni pa dada yake. Mrithi akainama sikioni. Katikati ya ubeti aliruka neno, na mkono wa yule anayekufa ukamfinya.

“Rudia,” akanong'ona.

Sista kijana akaanza upya. Alipopita pale alipokosea, mkono haukumfinya. Alipofika mwisho, mvumo wa chuma ukabaki chumbani, na wote wakangoja afinywe tena. Vidole vikafunguka vyenyewe.

Vyuma vile vingali vinaning'inia katika chumba cha mafunzo. Wapo waliopoteza sauti ambao wanasema walivigusa wakapona. Kanisa halijatamka lolote, nasi hatutalitangulia. Tumwige katika lile lililo dhahiri: alipofungiwa njia moja hakukaa kulia mlangoni, bali alirudi kwa ndugu aliyemkasirikia na kwa kazi aliyozaliwa nayo, akamtumikia Mungu kwa hizo. Na mvumo ule haukuondolewa. Ndiyo sehemu pekee ya ubeti inayosikiwa na walio chumbani.

Miaka baadaye kaka yake naye alivushwa. Sista aliyekuwa fundi cherehani aliinama, akamwimbia sikioni. Mvumo ulipobaki, mzee akafumbua macho, akasema, “Hicho nilikifua mimi,” akayafumba.