Karatasi za Seipati

Kwa miaka kumi na tisa watu walimcheka Seipati. Mwanamke mzima kapiga magoti kwenye mchanga mwekundu nje ya mji wa Kuruman, Afrika Kusini, jua la saa sita, anavizia buibui! Na kinara wa kucheka alikuwa mumewe mwenyewe, Galeboe, fundi wa nyua za mashamba.

"Mchunga buibui, kundi limerudi lote leo?"

"Limerudi. Na lina akili kukushinda."

Buibui wale hawatandi utando. Hukaa kwenye vilima vidogo vya udongo unaotupwa nje na mchwa wakata nyasi, na chakula chao ni mchwa hao tu. Ukiwashtua wanajitosa mchangani, kichwa mbele. Seipati aliwachota kwa kijiko, akawapitisha kwenye chujio la chai, kisha akawakagua kwa lenzi: meno ya kuchimbia, na nyayo laini zinazopindapinda. Kila mmoja aliingia kwenye kichupa cha spiriti pamoja na kipande cha karatasi: mahali, tarehe, jina lake. Kwa penseli.

Dume mmoja alimsumbua. Viguu vifupi vya mbele, ambavyo dume hupandia mbegu, havikufanana na vya dume yeyote aliyewahi kumwona. Akamchora, akatuma mchoro makumbusho. Jibu lilifika mwezi mmoja baada ya ugonjwa wa kifua kumuua Seipati. Daktari Motlalepula, mtaalamu wa buibui wa makumbusho, aliandika kwamba anakuja kuchukua vichupa vyote. Huenda huyo ni buibui wa aina mpya, na akiwa mpya atapewa jina la Seipati.

Galeboe alilia kwa sauti, barua mkononi. Kisha akatazama vichupa, mia mbili na kumi na viwili, akaona aibu. Maandishi yamefifia, mengine yamepinda. Ndiyo waje kusoma wasomi? Alinunua kalamu nzuri ya wino. Siku tisa alinakili kila karatasi kwa mwandiko wake wa shule, jina la mkewe kwa herufi kubwa. Mpya alizitia vichupani, zile za zamani aliwashia jiko.

Daktari alipofika, Galeboe alikuwa amevaa koti la kanisani. Alifungua kabati mwenyewe.

Spiriti ilikuwa ya buluu. Kichupa hiki, kile, vyote. Karatasi zilielea ndani, nyeupe.

Daktari alikaa chini taratibu. "Rra," alimwita kwa Kitswana, yaani bwana, "uliandika kwa wino?"

"Wa bei ghali, Mma," Galeboe alimjibu bibi huyo. "Nilitaka zipendeze."

"Spiriti inakula wino. Ndiyo maana yeye alitumia penseli." Alimpata yule dume, akamtazama kwa lenzi muda mrefu. "Ni yeye. Lakini mchoro haukuandikwa mahali, na bila kujua alipotoka siwezi kumpa jina. Lazima nimpate mwingine palepale." Akainua uso, na matumaini kidogo yalimrudia. "Si umekaa naye miaka yote? Twende, nionyeshe alipokuwa akienda."

Galeboe alitoka hadi mlangoni; karatasi zote alizonakili zilikuwa zimechanganyika kichwani mwake. Mbele yake mbuga ilitandaa pande zote, na vilima vya mchwa havina idadi. Kila asubuhi alimwona Seipati akipita mlango huu na kijiko chake, naye akimrushia mzaha mgongoni. Baada ya hapo hakujua.

"Hukuwahi kwenda naye, Rra? Hata mara moja?"

"Alinialika," Galeboe alisema. "Kila siku alinialika."