Kunda Alikuwa Hajasema

Kunda alikuwa mwanamuke wa kusema polepole mpaka inachosha. Umuulize bei ya mihogo yake pa soko, kwanza anaangalia juu, anapangusa mikono, njo anajibu. Bamama balikuwa banamucheka: "Kunda, bukari inapoa pa sahani!" Naye anacheka pamoja nabo.

Mie njo nilikuwa président wa kikundi yetu ya kusaidiana kwa kilio, kule mutaa ya Katuba, na nilikuwa najisifu sana: kila muntu nilimupa kazi kufuata tabia yake. Kapya, mudomo yake hailale, alikuwa anatangaza kilio. Constance, mukali, alikuwa ananyamazisha bantu. Claudine, mama wa Kasai mwenye masomo, alikuwa anaandika. Na Kunda? Nilisema ye atasema wa mwisho, na mukutano haifungwe kabla hajasema. Juu sisi wote tulikuwa tunarukia maneno, ye njo alikuwa anayaona.

Basi, mwaka wa 1961, Katanga imejitenga na inchi yote, bantu ya Kasai banafukuzwa. Siku ya Mungu moja, misa ikiisha, Claudine hakufungua cahier yake ya kuandikia. Alisimama.

"Bamama, bajeunesse, bale bavijana ya chama, bameweka alama pa mulango yangu: batarudi. Bwana yangu iko muji wa Jadotville, njia imefungwa. Munifiche na batoto yangu batatu, siku mbili tu, mpaka nipate njia ya kufika kambi ya wakimbizi."

Kapya akasema nyumba yake iko pa barabara. Constance akasema bwana yake atamufukuza. Kila muntu na sababu yake. Akabakia Kunda, anaangalia juu, anapangusa mikono. Nilijua atasema nini. Na nyumba yake na yangu, ukuta ni moja: bakichoma yake, yangu nayo inawaka. Woga ikanikamata.

"Mukutano imekwisha," nikasema.

Claudine akaniangalia, akachukua cahier yake, akaenda.

Kunda akanifuata inje. "Mama président, Claudine iko wapi? Nilikuwa natafuta namna ya kulaza batoto batatu. Kitanda iko moja. Nimeona: babo na mama yabo batalala pale, mie pa mukeka."

Ee Mungu wangu! Tulikimbia mpaka kwa Claudine, lakini bajeunesse balikuwa bametutangulia. Nyumba ilikuwa inawaka, Claudine amelala pa mulango, amekwisha kufa. Batoto, hatukubaona tena.

Bantu bananiambia ile ilikuwa vita, si mie. Nabasikia. Lakini kama ningengojea muntu moja amalize kufikiri, Claudine angekuwa na bajukulu leo.