Glasi ya Mwisho wa Benchi

Muuza chai wa njia panda ya kanisani hufuta mkono kwenye msuli aliojifunga kiunoni kabla ya kukupa glasi, kisha huguna kidogo, kama aliyekumbuka jambo akaliacha. Chai huimimina kutoka juu, bila hata kuitazama. Mwigizaji mmoja alishinda kibandani pake wiki nzima akimwangalia, ajifunze kumwigiza kwenye filamu. Filamu ilipotoka, Jumapili moja muuza chai akaenda kuiona na mkewe. Akacheka alipoona msuli, akacheka aliposikia mguno. Halafu mtu wa kwenye skrini akamimina glasi ya kwanza ya asubuhi, akaiweka mwisho wa benchi, pasipo na mtu.

“Hilo wamezua,” alimnong'oneza mkewe.

“Wazue nini? Ni wewe huyo, kila siku, tangu mdogo wako Ouseph azikwe. Hujaona pale watu hawakai?”

Jumatatu alimimina ya kwanza, akashangaa kuuona mkono wake unaelekea kule kule. “Hii ya nani, kaka?” akauliza dereva mmoja mgeni. “Hata sijui,” akasema. Lakini mgeni alipotaka kuichukua, aliifunika kwa kiganja.